Kitoeni Hicho Kijinga

Jirani, sogea kidogo nikae. Leo sina siasa, sina mpira. Nina mkaa. Usicheke. Ungeniona Jumapili ungelia, na usingelia kwa huruma, ungelia kwa moshi.

Mimi nyama choma nimeanza kula toka nina meno ya utoto. Nimekula mbuzi Vingunguti, nimekula mishkaki Tandika, nimekula vitu vingine Kariakoo usiku ambavyo mpaka leo sijaambiwa vilikuwa nini. Miaka yote hiyo macho yangu yanaishia juu ya wavu. Chini ya wavu nilijua kuna wekundu fulani hivi. Huo wekundu unatoka wapi, unauzwa na nani, una kabila gani, haikuwa kazi yangu. Kazi yangu ilikuwa kulalamika ndimu hazitoshi.

Sasa mke wangu ana Ami yake, mdogo wa marehemu baba mkwe, anaishi Maskati tangu mimi sijaoa. Mwezi huu kaja likizo. Mke wangu akasema, taratibu tu, akiwa anakunja nguo: "Ami anapenda sana mishkaki. Tumwite Jumapili, tuagize pale kituoni." Mtu mwenye akili angesema sawa, tuagize. Mimi nikasema: "Niachie mimi."

Hayo maneno mawili yana historia nyumbani kwetu. Mara ya mwisho niliyasema kuhusu tangi la choo. Mwaka juzi. Mpaka leo choo tunamwaga maji kwa kopo.

Mke wangu akanitazama. Akaacha kukunja nguo. Akasema "haya". Jirani, ukisikia mwanamke wa pwani amesema "haya" ya namna ile, kimbia.

Jiko nikachongesha kwa fundi, nusu ya pipa, miguu minne. Mitatu inakubaliana, wa nne una mawazo yake. Nyama kilo sita, mke wangu kaikata, kailoweka na tangawizi, kitunguu saumu, ndimu na papai bichi la kulainishia. Kazi yote ngumu kafanya yeye. Mimi nimebakiziwa moto. Moto tu! Kitu ambacho mtoto wa miaka sita anaweza kukiwasha kwa bahati mbaya akaunguza banda zima.

Jumamosi asubuhi nikaenda kwa mama wa mkaa. Huyu mama miaka saba nampita. "Shikamoo mama." "Marahaba baba." Basi. Sijawahi kusimama. Siku hiyo nikasimama, mpaka akashtuka, akadhani kuna msiba.

"Naomba mkaa mama."

"Wa nini baba?"

Mtihani ukaanzia hapo. Wa nini! Yaani mkaa unaulizwa wa nini? Nikasema: "Wa kuwasha."

Akanyamaza kidogo. Na wateja waliokuwepo wakanyamaza. "Wote unawashwa, baba. Unapikia nini? Maharage? Chapati? Unapiga pasi?"

"Nachoma mishkaki. Nina mgeni kutoka Maskati." Maskati niliisema kwa sauti, ili anipe hadhi. Hakunipa.

Akanisogeza kwenye mafungu mawili. Kwa macho yangu fungu la kwanza jeusi, fungu la pili jeusi. Akasema huu ni mkaa mgumu, mkambala na mgunga, unachelewa kushika lakini ukishika umeshika. Huu mwingine mwepesi, miembe na mikorosho na michanganyiko, unawaka haraka unaisha haraka, chai itachemka ila nyama itakuachia njiani. Kisha akachukua vipande viwili vya ule mgumu akavigonganisha. Jirani, vililia! Kli, kli, kama vikombe mkononi mwa muuza kahawa. Akachukua vya mwepesi akagonga. Pu. Kama mtu kapiga kofi godoro.

"Mkaa mzuri unaongea," akasema. "Uvunje, ndani ung'ae, usione rangi ya ukuni. Uushike, uwe mzito kuliko unavyoonekana. Na chenga usichukue. Chenga zinaziba, moto unakosa pumzi."

Nikatikisa kichwa. Unajua ule mtikiso wa mtu anayeelekezwa njia? Unatikisa mpaka mwisho, asante sana, halafu unapotea kona ya kwanza. Ndio huo. Tena usiku ule, mke wangu akiwa amelala, nilijigonga kichwa kwa kifundo cha kidole nisikie. Pu.

Nikauliza bei. Sado ya mgumu imeizidi ya mwepesi kwa mia tano. Hapo ndipo ujanja wangu ukaamka. Mia tano ya nini? Rangi moja, sado moja, tofauti yake sauti. Mimi nachoma nyama, sipigi taarab. Nikamwambia: "Ngoja nizunguke kidogo mama." Akasema: "Zunguka baba." Kwa sauti ile ya mtu anayejua dunia ni duara.

Sijafika mbali, kijana wa pikipiki huyu hapa, kafunga viroba vitatu nyuma. Kimoja lumbesa. Kimejaa, kikapitiliza, kikafungwa kamba juu kama kilemba cha bwana harusi. Mabonge ya juu makubwa kama kichwa cha mtoto. "Wa porini kabisa huu mzee, umetoka Rufiji jana." Bei yake ilikuwa ya kutupa. Nikajiuliza huyu kijana anakula nini kwa bei hii. Nikamwonea huruma, jirani. Nikamwongezea buku ya soda. Mimi!

Nyumbani nikamwaga kwenye turubai ili familia ishuhudie. Tabaka la kwanza mabonge. La pili vipande. La tatu chenga. La nne vumbi. La tano udongo, udongo kabisa, wenye mzizi na sisimizi. Na katikati humo virungu vya kahawia, vimebabuka nje tu, ndani mti uko hai, ukimwagilia unachipua. Mke wangu akasimama mlangoni na mwiko. "Baba Zuhura, umenunua mkaa au umenunua kiwanja?"

Nikasema huo ni wa akiba. Nikavaa viatu nikaenda supamaketi.

Kule nikakuta mkaa wa kistaarabu. Uko kwenye mfuko wa karatasi, una picha ya nyama nene inatoa moshi mzuri, maandishi yote Kizungu. Ndani vidonge vyeusi, vyote sawa, vimefura kama mito midogo ya kulalia. Safi mpaka mdogo wake Zuhura alitaka kulamba. Bei ya mfuko ule sitaitaja, mke wangu anasoma ukurasa huu.

Mpwa wangu yuko chuo, na tangu aende chuo hana jambo asilolijua. Akauchukua mfuko, akaugeuza, akasema: "Anko, huu ni mkaa wa kushindilia. Vumbi la mkaa linachanganywa na wanga linafinyangwa. Unajua aliyeukuza kibiashara Marekani ni Henry Ford?" Nikasema Ford yupi. "Wa magari. Miaka ya 1920. Magari yake yalikuwa na sehemu za mbao, kiwanda cha mbao kule Michigan kikawa na mabaki mengi, akaona asitupe, akayageuza mkaa, akawa anauza kwa mawakala walewale wa magari." Jirani, nilikaa chini. Mtu ana kiwanda cha magari, na mkaa umemkubali. Mimi gari sina, na mkaa wenyewe ndiyo huu unanitoa jasho.

Mpwa akaongeza: "Ila anko, huu unakaa muda mrefu, moto wake umetulia, lakini kushika unachelewa. Uuwashe mapema." Nikasikia "mapema" kama ninavyosikia neno hilo siku zote.

Jumapili. Wageni saa saba. Saa sita na nusu nikaanza na kile kiroba, maana pesa imeshatoka, na mkaa wa supamaketi niliona uchungu kuufungua. Nikaweka chenga chini kama godoro, mabonge juu. Kiberiti. Kikazima. Kiberiti. Karatasi. Daftari la zamani la Zuhura la Hisabati, alipata tatu kwa kumi, likawaka vizuri kuliko mkaa wote. Nikapuliza. Nikapuliza mpaka masikio yakaziba. Nikachukua kifuniko cha ndoo nikapepea. Majivu ya daftari yakapanda juu, yakazunguka, yakashuka kwenye nguo za jirani mwingine zilizoanikwa. Nyeupe, jirani, mashuka ya hoteli anayofulia. Akatoka, akaniangalia, akaanua kimyakimya. Bora angenitukana.

Zamani ungechoma mfuko wa rambo ukadondosha matone ya moto, kazi ikaisha. Lakini mifuko hiyo imepigwa marufuku tangu Juni 2019, na hata kabla ya hapo nyama ilikuwa inakula plastiki. Nikakumbuka mafuta ya taa. Nikamimina. Sikuona kitu. Nikaongeza. Nikachungulia kwa karibu nione yameingia wapi, huku njiti iko mkononi.

Vuup! Nyusi ya kushoto ikaondoka bila kuaga.

Lakini moto! Moto mkubwa, mrefu, unacheza. Nikaita watu waje waone. Nikapanga mishkaki ishirini haraka haraka kabla moto haujabadili mawazo. Mafuta ya nyama yakadondoka, ndimi zikapanda mpaka kifuani kwangu, nikawa nageuza kwa kuruka. Dakika nne tu mishkaki ikawa myeusi kuliko mkaa. Nikasema imeiva. Nikampa Zuhura wa kwanza, mwanangu, damu yangu. Akauma. Nje imekauka kama gome, ndani ng'ombe bado anakumbuka malisho. Akatafuna. Akaacha kutafuna. Akasema, na wakati huohuo geti linafunguka, Ami ndiyo anaingia: "Baba, nyama inanukia koroboi."

Ami mtu wa watu. Kanzu nyeupe, kofia ya Kiomani, ametanguliwa na harufu ya udi hatua tano. Mafuta ya taa yalikuwa yameisha, moto umelala, na kile kiroba sasa kimeamua kutoa kilichomo moyoni mwake. Moshi, jirani. Mweupe, mzito, unatambaa. Ulimfuata Ami kama ndugu aliyepotezana naye. Akahamia kulia, ukahamia kulia. Akahamia chini ya mwembe, ukamkuta. Udi wote ukafa palepale. Mama watoto akapita, akanong'ona bila kunitazama: "Mtungi wa gesi uko jikoni, umejaa." Unajua serikali imejiwekea lengo kwamba ifikapo mwaka 2034 asilimia 80 ya Watanzania wawe wanapika kwa nishati safi. Mimi kwa saa moja ile peke yangu nahisi nimeirudisha nyuma asilimia mbili.

Ami hakukasirika. Hilo ndilo liliniuma. Akavuta kiti, akafuta macho kwa leso, akaanza kuhadithia kwa upole, kama anamhadithia mgonjwa. Kwamba kule Oman mishkaki wanaijua, inauzwa barabarani, na jina ni hilihili, mishkak. Kwamba mkaa ndio kila kitu. "Mkaa wa mgunga kutoka Somalia ulikuwa ukigombaniwa Ghuba yote," akasema, "kwa nyama na kwa shisha. Mpaka mwaka 2012 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likapiga marufuku usiuzwe nje, maana fedha zake zilikuwa zinawafikia Al-Shabaab."

Nikasema: "Baraza la Usalama? Kwa ajili ya mkaa?"

Kabla hajanijibu, kipande kimoja jikoni kwangu kikapasuka. Pa! Kumbe kile kiroba kililala kwenye mvua mahali fulani. Pa! Pa! Cheche zikaruka, watoto wakalala chini, na moja ikatua kwenye kanzu ya Ami, juu ya goti, ikala kitundu kidogo, duara, safi kama kimepimwa. Tukakitazama wote. Na mimi nikajua kwa nini mkaa unapelekwa Baraza la Usalama.

Hapo ndipo mama mkwe alipotoka ndani. Mama mkwe wangu amekulia Kisarawe, anasema maneno machache, na machache hayo anayachagua. Alikuwa amevumilia tangu saa sita na nusu. Akasimama mlangoni, khanga puani, akanyoosha kidole upande wa jiko, akasema kwa sauti ya amri:

"Kitoeni hicho kijinga hapo!"

Jirani, nikasogea. Sikubisha. Nikaweka koleo chini, nikaomba radhi kwa wageni, nikaanza kuelekea chumbani. Niliona ni haki yake. Kamtoa binti yake kwa mahari ndogo, kavumilia choo cha kopo, mtu ana mpaka wake. Nimefika kwenye ngazi nikasikia watu wanaangua kicheko, Ami mwenyewe kashika tumbo. Mama mkwe ananishangaa. "Unakwenda wapi baba? Nasema hicho kijinga. Hicho kinachofuka."

Kumbe kijinga ni kipande cha ukuni chenye moto! Vile virungu vya kahawia vya kwenye kiroba ndivyo vilivyokuwa vinafuka. Neno la siku zote hilo, wazee wanalo, mimi nalijua kwa maana moja tu kwa sababu ndiyo ninayoitwa. Mpwa wangu akachukua koleo, akavitoa kimoja kimoja, akavizika mchangani. Kila akitoa kimoja anasema "kijinga cha kwanza", "kijinga cha pili", huku ananiangalia. Vilifika saba. Nina hakika alitaka kusema nane.

Mama mkwe akakaa kwenye kigoda akaeleza, na mimi nikachuchumaa mbele yake kama mwanafunzi. Kwamba mkaa hauunguzwi, unaokwa. Magogo yanapangwa, yanafunikwa majani, juu udongo, moto unatiwa halafu unanyimwa hewa, na mwenye tanuru hulichunga mchana na usiku, likitoboka analiziba. Likitoboka na asilizibe, atakuta majivu. Akiwa na haraka akalifukua kabla halijaiva, atapata vijinga, na vijinga huuzwa kwa watu. "Watu gani?" nikauliza. Hakujibu. Akasema tu kwamba kwa kilo moja ya mkaa unakata kilo tano mpaka kumi za mti, kwa hiyo ukinunua ovyo umeuua mti mara mbili.

Halafu akamtuma Zuhura kwa mama wa mkaa na sado. Mtoto akarudi baada ya dakika kumi, sado imejaa, mgumu mtupu, unalia kila akipiga hatua. Na ujumbe: "Kasema, mwambie baba nilimbakishia."

Nilimbakishia. Toka Jumamosi!

Sikiliza anavyowasha, jirani, ndiyo maana nakusimulia. Kwanza alimwaga uchafu wangu wote, akafagia pipa mpaka matundu ya chini yakaonekana. Mimi sikujua kama kuna matundu. Akapanga vifuu vya nazi, vile vilivyobaki baada ya kukunia wali, akaviwasha kwa kipande cha kumbi. Hakuna mafuta ya taa, hakuna daftari. Vifuu vikashika kwa ghadhabu. Juu yake akajenga mkaa kama kichuguu, akauacha. Nikataka kupepea, akanipiga mkono. "Uache upumue." Tukakaa. Mimi nikawa nauliza tayari, kila dakika mbili, tayari mama? Moto unawaka, naona ndimi, tupange? Akasema: "Baba, nyama haichomwi kwa moto. Inachomwa kwa makaa." Tukasubiri mpaka ndimi zikafa, mkaa ukavaa kijivu chepesi juu kama mtu aliyejipaka poda, wekundu uko ndani. Ndipo akausambaza, mwingi upande mmoja, mwingine akaacha karibu patupu. Nyama inaanza kwenye joto kali, ikishapata rangi inahamishiwa upande wa baridi ikaivie huko kwa heshima. Mafuta yakidondoka, moto ukinyanyuka, unasogeza nyama. Unasogeza nyama! Mimi nilikuwa nasogea mwenyewe.

Cheo changu kikawa kinashuka taratibu. Kwanza nilipewa kupepea. Nikapeperusha majivu kwenye nyama, nikanyang'anywa upepeo. Nikapewa kushika sinia. Nikawa naonja, nikanyang'anywa sinia. Mwisho nikapewa paka. Kazi yangu rasmi, nyumbani kwangu, kwenye sherehe niliyoitisha mimi, ilikuwa kufukuza paka wawili. Na mmoja alikula mishkaki ile ya koroboi, akaitema.

Saa tisa mvua ikaanza kudondoka. Hapo nikaona nafasi ya kurudi madarakani. Nikasema kwa sauti ya mwenye nyumba: "Tuliingize jiko sebuleni, tufunge madirisha, mvua isipige ndani." Watu wote wakageuka. Ami akaacha kutafuna. Mama mkwe akasema: "Unataka tuamkie makaburini?" Mpwa naye akaingia na chuo chake, kwamba mkaa unaowaka unatoa hewa ya sumu isiyo na harufu wala rangi, kwenye chumba kilichofungwa mtu anasinzia tu, haamki. Moshi wangu ulikuwa unatesa watu lakini angalau unaonekana. Huu mzuri ndio ungetumaliza. Wakasogeza jiko barazani, penye upepo pande tatu, ule mguu wa nne wakauwekea tofali. Nikarudi kwa paka.

Mishkaki ilikuwa mitamu, jirani, nisiseme uongo. Ami alikula kumi na mbili akafungiwa mingine. Kila mtu akamsifu mama mkwe, akamsifu mke wangu kwa viungo, akamsifu Zuhura kwa kwenda na sado, akamsifu mama wa mkaa ambaye hakuwepo. Mimi nikasifiwa pipa.

Sasa mimi nina roho ya kibinadamu. Nikasema siwezi kulala hivi. Saa kumi na moja nikanyata nyuma ya nyumba na lile jiko dogo la kupikia maharage, na ule mfuko wangu wa supamaketi. Nikawasha vile vimito kama nilivyofundishwa, kifuu chini, hakuna mafuta ya taa, nikauacha upumue. Nikachungulia baada ya dakika kumi. Vyeusi. Dakika ishirini, pembeni kuna weupe kidogo kama mvi ya kwanza. Nikarudi barazani nikakaa na wageni natabasamu peke yangu, najua nina jambo. Nitaleta jiko mbele ya Ami, jekundu, nitamchomea wa mwisho kwa mkono wangu.

Adhana ya magharibi ikalia. Ami akainuka, akaniaga vizuri, akanishika bega, akasema: "Mwakani njoo Maskati, tukuchomee sisi." Tukamsindikiza mpaka garini. Taa nyekundu za gari zikakata kona.

Nikarudi nyuma ya nyumba. Jirani! Vimito vyote vimeiva. Vyote. Kijivu juu, ndani wekundu mmoja, hakuna moshi, hakuna cheche, joto limetulia unaweza kuliwekea mkeka. Moto ambao sijawahi kuuona hata Vingunguti. Nikakimbilia ndani kutafuta nyama. Hakuna. Nikafungua friji. Maji, dawa ya mtoto, kipande cha papai bichi. Kwenye kapu la jikoni nikapata ndizi mbichi moja. Nikaimenya, nikaiweka juu ya wavu, nikavuta kigoda cha mama mkwe, nikakaa na moto wangu. Mvua imekata, kuna kaubaridi, na mimi tangu alfajiri sijakaa.

Nikaamshwa na sauti ya mke wangu dirishani.

"Baba Zuhura, nini kinaungua huko?"

"Hakuna kitu."